Sanduku Kuresoi, Skrini Keringet

Siku ya kugawa vitu vya binti yangu, kitanda changu kilijaa mpaka nikakosa pa kuweka mkono. Alikuwa kitindamimba wangu. Alikuwa akipaki maua Naivasha, akaugua muda mfupi, tukamleta nyumbani Kuresoi tukamzika karibu na baba yake. Sasa nguo zake zilikuwa zimekunjwa, sweta mbili za kiwanda cha maua, gamubuti, sufuria, blanketi, na juu ya blanketi kitu cheusi kipana chenye kioo katikati na vifungo pembeni. Wanawake wote waliokuwa chumbani nawajua kwa majina, hata yule aliyefika akiwa amechelewa na soda amezifunga kwa leso. Majina yao sitayaandika. Wengi wako hai, na wanapenda kusikia vizuri zaidi ya kusema vizuri.

Kwetu, vitu vya marehemu vikigawanywa, watoto hutolewa nje. Kwa hivyo mjukuu wangu, mtoto wa pekee wa huyo binti, alipelekwa na wenzake kuokota viazi vilivyobaki shambani. Hakuwepo kusema chochote. Hapo ndipo mambo yote yalipoanzia, lakini siku hiyo mimi sikuona kitu kimeanza.

Wa kuchagua kwanza alikuwa Senge. Senge ni dada ya baba, na huyu ni dada ya marehemu mume wangu, anakaa Keringet. Shangazi wa upande wa baba kwetu si mtu wa kupewa mabaki. Akatazama nguo, akatazama blanketi, akachukua kile cheusi chenye kioo.

"Hii ni tableti," akasema. "Zile za kusomea. Nitawapelekea wajukuu."

Hakuna aliyepinga. Na nani angepinga? Ilikuwa inafanana na tableti kama yai na yai. Mimi nikaachiwa mtoto, sufuria, na mfuko wa sandarusi wenye sanduku jeusi lenye nyaya. Mtu akasema ni dikoda. Nikasema sawa, dikoda.

Mtoto alipokuja kuishi na mimi, kitu cha kwanza alichofungua ni ule mfuko. Alikuwa hajacheka tangu maziko, na pale akacheka. Akatoa sanduku, akatoa nyaya, akatoa kijiti cheupe kama rimoti, akatoa chaja. Akaingiza mkono tena. Akaugeuza mfuko juu chini.

"Kogo, skrini iko wapi?" Kogo ni bibi, ndivyo anavyoniita.

Nikamwonyesha televisheni.

"Si hiyo. Ile ya kushika."

"Ya kushika ya nini na hii hapa kubwa?"

Akaniangalia kama watoto wanavyotuangalia siku hizi, kwa huruma. Akaunganisha sanduku na televisheni yangu. Kweli likawaka, likaimba kidogo, halafu likatoa maandishi. Mimi niliacha shule darasa la tatu, nasoma polepole, na hayo yalikuwa ya Kiingereza. Mtoto akasoma, akasema linadai skrini yake. Nikampa rimoti ya televisheni. Akakataa. Nikatafuta ile ya dikoda ya zamani, nikaifuta vumbi, nikampa. Akakataa hiyo pia. Nikamwambia hata hajaijaribu, na yeye akaanza kulia. Hapo nikajua hatuzungumzi juu ya rimoti.

Akanieleza. Kulikuwa na mchezo ndani ya hilo sanduku, waliokuwa wakiucheza yeye na mama yake jioni wakiwa Naivasha. Katika mchezo kuna nchi yenye milima na mito, na kundi la mbuzi. Mtoto alishika kijiti cheupe, akawatembeza mbuzi kwenye televisheni. Mama yake alishika skrini, akachora barabara kwa kidole. Mbuzi hawawezi kukanyaga mahali ambapo hapajachorwa. Kila barabara iliyo mle ndani ilichorwa na mama yake, na mchezo uliziweka, na bado ziko. Walikuwa wamefika mto wa mwisho, mama yake akaugua.

"Nataka kuona kama bado ziko," akasema. "Barabara za mama. Na tuvuke."

"Na wewe huwezi kuchora kwa hiki kijiti?"

"Hapana. Mwenye skrini ndiye anachora. Anaona vitu ambavyo wewe kwa televisheni huoni."

Hilo lilinisumbua sana. Watu wawili wako chumba kimoja, mchezo mmoja, na mmoja anaona kisichoonekana kwa mwingine? Nikamuuliza ni kama vile mwenye kupika anajua nyama imebaki ngapi chunguni na mgeni anaona sahani tu? Akafikiri, akasema karibu hivyo. Nikafurahi kwamba nimeelewa. Baada ya muda nikajiuliza, sasa kwa nini mgeni asiende tu jikoni akaangalie? Nikawa sielewi tena.

Tukashuka Nakuru kwa fundi. Ni kijana mwenye kibanda cha simu, amevaa kofia kinyumenyume, meza yake imejaa matumbo ya simu.

"Niaje mathe. Umeleta nini?"

"Dikoda."

Akalitoa kwenye kikapu changu, akacheka. "Mathe, hii si dikoda. Ni mashine ya gemu. Na ile skrini yake kubwa?"

"Iko Keringet."

"Inafanya nini Keringet?"

Kweli, ilikuwa inafanya nini Keringet?

Akaunganisha vitu vyake, akatafuta kijiti kingine akajaribu, akafungua hapa na pale. Michezo mingine, akasema, ingekubali kijiti chochote ikishafunguliwa. Lakini huu wetu ulitengenezwa kwa ajili ya skrini ile. Bila hiyo haufunguki hata mlango.

"Bila skrini yake hii ni tofali, mathe. Unaweza jengea choo."

"Si unitafutie skrini nyingine?"

"Hizi ziliacha kutengenezwa kitambo. Na si kwamba unachukua yoyote. Hii na ile zimezoeshana. Zinajuana."

Nikamuuliza, kama ng'ombe anayekataa kushusha maziwa mpaka aone ndama wake? Fundi akaniangalia, akamwangalia mtoto, halafu akasema, "Hapo umeshika kabisa, mathe." Sidhani kama amewahi kukamua ng'ombe, lakini jibu lake lilinitosha.

Tukarudi nyumbani. Ndipo mtoto akasema, "Si umpigie Senge simu tu? Umwambie arudishe."

Sasa utamwelezaje mtoto wa Naivasha jambo hilo? Kitu kikishatoka kwenye kitanda cha marehemu kikaingia mkononi mwa mtu, hakiombwi tena. Ukiomba, ni kama unasema huyo mtu hakustahili kumlilia. Na huyo mtu ni Senge! Senge aliyesimama mbele ya jeneza akaimba mpaka sauti ikakatika.

"Lakini si nguo, Kogo. Ni kipande cha hii."

"Ilikuwa kitandani."

"Kwa hivyo ikiwekwa kitandani inageuka kuwa nguo?"

Nilitaka kumkemea, lakini swali lenyewe lilikuwa na haki yake, nikaenda kukamua. Nikamkamua ng'ombe nikilifikiria. Skrini haiombwi. Hiyo haibadiliki. Lakini hakuna aliyewahi kusema kwamba sanduku haliwezi kutembea. Kama ndama hawezi kuletwa kwa mama, mama si ana miguu? Nikasahau hata kumfungua ng'ombe kamba.

Shule zilipofungwa tukaenda Keringet, mimi na mtoto na sanduku ndani ya kikapu, na juu yake viazi ili tusionekane kama watu wa kubeba mashine.

Senge alitupokea mlangoni. "Umefupika," akaniambia.

"Ni wewe umepanda jiwe."

"Karibuni. Huyu ni yule mtoto? Mbona mwembamba? Anakulisha viazi tu huyu Kogo wako?"

"Na maneno," nikasema. "Maneno anashiba."

Tukakaa. Nikainua macho. Kwenye kabati la kioo, katikati ya vikombe vya wageni, kile kitu cheusi kilisimamishwa wima kama fremu, kikiwa juu ya kitambaa cheupe cha kushona kwa mkono. Kwenye kona ya kioo chake alikuwa amechomeka picha ya binti yangu, ile iliyokatwa kwenye karatasi ya mazishi.

"Ilikataa kuwaka," Senge akasema alipoona ninaangalia. "Tulijaribu chaja zote za simu, hakuna inayoingia. Wajukuu wakasema imekufa. Nikasema sawa, hata ikifa nitakaa nayo. Huyo mtoto wetu alikuwa akiishika kila nikienda kumtembelea Naivasha. Mkono huu kikombe, mkono huu hiyo."

Nilikuwa nimejipangia maneno njia nzima, na yote yalihusu tableti ya wajukuu. Hayakuhusu kitu kilichowekwa kitambaa. Mtoto akanivuta sketi. Nikasema tu ukweli, kwamba sikuja kuomba kitu, nimeleta kingine kinachoambatana na hicho, tuone kama vinasalimiana.

Senge akakunja uso. "Umenileteaje dikoda?"

"Si dikoda."

"Ni nini?"

"Sijui," nikasema. Na nilikuwa sijui.

Mtoto akafanya kazi. Chaja iliyokuwa kwangu iliingia kwenye skrini iliyokuwa kwake kama ufunguo. Tukanywa chai tukingoja. Halafu kitaa kidogo kikawaka, na baadaye kioo kikawaka, na televisheni ya Senge ikawaka, na nchi ya milima ikatokea ikiwa nzima.

"Ziko!" mtoto akapiga kelele. "Barabara ziko!"

Zilikuwa ziko. Mistari minene ya kahawia, imepinda, mingine imetetemeka, ikipanda mlima na kushuka. Niliujua mkono huo. Hata daftari zake za shule ya msingi zilikuwa hivyo, mstari unaanza vizuri halafu unakimbia.

Senge akaishika skrini mikono miwili. Akatazama mkononi, akatazama televisheni, akatazama mkononi. "Mbona hapa kuna kisima na pale hakuna kisima?"

"Mwenye kushika anaona zaidi," nikamwambia, nikijifanya fundi.

"Kwa nini?"

"Ni kama chungu."

"Chungu gani?"

Kabla sijajibu akainuka, akatoka nayo mbio kwenda kumwonyesha mkwe wake aliyekuwa jiko la nje. Tukasikia ukelele. Alipofika karibu na moto picha iliganda, ikatetemeka, ikatoweka.

"Nimemuua!" Senge alikuwa analia kweli, amesimama katikati ya kuku. "Nimemuua mara ya pili, jamani!"

"Rudi ndani, Senge!" mtoto akaita. "Haijafa! Haitaki kuwa mbali na sanduku! Rudi tu!"

Akarudi kwa kunyata, hatua kwa hatua, kama mtu aliyebeba yai kwenye kijiko. Alipovuka kizingiti picha ikarudi. Senge akakaa chini sakafuni na kanga yake yote, akasema hainuki hapo tena.

Mtoto akanipa skrini mimi. Nikakataa. Vidole vyangu hata simu haivisikii, ni vya jembe na kukamua, vimekuwa gome. Nikigusa simu nyumbani lazima nimwite mtu. Mtoto akasema hii si kama simu, hii inataka kufinywa, weka ukucha. Nikaweka ukucha nikafinya, na mstari ukatoka. Mstari wa kahawia, nyuma ya ukucha wangu, na wakati uleule kule kwenye televisheni. Nikaangalia nyuma ya kioo kuona umepitia wapi.

Mtoto akawatembeza mbuzi wakaja mbele. Kila mmoja alikuwa na maandishi madogo juu ya kichwa.

"Ni majina yao," akasema. "Mama ndiye aliwaita." Akasoma la kwanza.

Nikadhani sikusikia. Nikamwambia asome tena. Akasoma. Lilikuwa jina la ng'ombe wetu mweusi mwenye baka jeupe, aliyekufa binti yangu akiwa bado hajaota meno ya mbele. Nikasema, huyo alivunjika mguu mtoni. Mtoto akasoma lingine. Nikasema, huyo aliuzwa tukalipia hospitali, alikuwa mkali, anapiga teke kwa mguu wa kushoto. Akasoma lingine, na hilo Senge akaruka kutoka sakafuni.

"Huyo ni wa mahari yangu! Yule wa madoa! Alikuja siku nilipoolewa!"

"Huyo ndiye," nikasema.

"Anafanya nini huku?"

"Sijui anafanya nini."

Mpaka leo sijui. Majina hayo binti yangu aliyatoa wapi, na wengi wa ng'ombe hao hakuwakuta hai? Ni lazima alinisikia nikiyataja nikikamua, maana mimi ninapokamua hutaja wote, waliopo na waliokwenda. Mtoto alikuwa akifikiri ni majina ya kubuni. Aliniuliza la kila mmoja, nami nikamwambia, na Senge akinisahihisha rangi na mimi nikimkatalia, na mbuzi wakiwa wamesimama tu wanatafuna.

Halafu tukafika mto wa mwisho. Mtoto akasema chora daraja. Nikachora, mstari ukaishia katikati ya maji. Nikafinya zaidi, hakuna. Mtoto akaegemea skrini, akasoma, na uso wake ukabadilika.

"Wino umeisha, Kogo."

"Tuongeze."

"Hauongezwi. Mpaka ufute barabara za nyuma. Ukifuta, wino unarudi."

"Zipi za nyuma?"

Hakukuwa na nyingine. Zote zilikuwa za mama yake.

Skrini ilikuwa mkononi mwangu, na ukucha wangu ulikuwa juu yake, na nikaogopa hata kuusogeza. Mtoto alikuwa ametamani mto huo tangu Naivasha. Nikamuuliza, nifanyeje?

"Usifute," akasema. Baadaye akasema, "Turudi nao nyumbani."

"Akina nani?"

"Mbuzi."

Tukawageuza mbuzi. Wakatembea juu ya mistari ya binti yangu, wakirudi walikotoka, mtoto akiwaongoza na mimi nikiwataja mmoja mmoja wakipita.

Tulipokuwa tunaondoka, Senge alitoa picha kwenye kona ya kioo, akairudisha kabatini peke yake. Akafunga skrini kwa kile kitambaa cheupe.

"Mimi sijarudisha kitu," akaniambia kwa ukali. "Umesikia? Cha marehemu hakirudi. Hiki ni changu, na mtu humpa chake amtakaye." Akamgeukia mtoto, akamwekea mikononi. "Nimekupa mimi. Na mkija, mje nacho pamoja na hilo sanduku. Yule wa madoa ni wa kwangu."

Sasa jioni, nikimaliza kukamua, tunacheza. Kama unaweza kuita hivyo kucheza. Nilidhani mchezo ni kwenda mbele, mpaka mtu ashinde au ashindwe. Sisi tunawatoa mbuzi mtoni, tunawarudisha nyumbani. Nimemuuliza mtoto kama mchezo wenyewe haukasiriki. Anasema haujali.

Jumapili iliyopita, tulipotoka kanisani, alikaa karibu yangu muda mrefu bila kuwasha kijiti chake. Halafu akaniambia nifute kipande kimoja. Kile kidogo karibu na kisima, kilichopinda bure, ambacho mbuzi hawakipiti. Nikamuuliza mara ya pili. Akasema ndiyo. Nikaweka ukucha nikafinya, na skrini ikaandika kitu.

"Inasemaje?"

"Inauliza kama una hakika."

Kulikuwa na visanduku viwili, cha kushoto na cha kulia. Nikamwambia anionyeshe kipi ndiyo na kipi hapana, maana mimi sijui, na sikutaka kukosea.

"Cha kushoto ni ndiyo," akasema. "Lakini ngoja kwanza."

Tukangoja. Nje ng'ombe alilia, ndama akamjibu. Mtoto alikuwa anautazama ule mstari uliopinda bure, nami nilikuwa nautazama pia, nikijiuliza mama yake alipouchora alikuwa anaelekea wapi. Tulisubiri mpaka skrini ikachoka ikajizima mikononi mwangu.

Kesho yake tulipoiwasha, nilianza kwa kuangalia kisimani. Mstari ulikuwa palepale.

"Bado upo," nikamwambia.

"Najua," akasema, akashika kijiti chake. "Taja wa kwanza."